Shajara ya mradi: Bunge la Dhaka kwa skeli ya 1:200

12 Januari

Kazi nimeipokea rasmi. Maktaba moja ya watoto hapa Mombasa inaandaa maonyesho ya mabunge ya nchi mbalimbali, na kila fundi wa modeli amepewa nafasi ya kuchagua lake. Mmoja kachukua la Nairobi na mnara wake wa saa. Mwingine kajitwika la Budapest. Huyo namuombea macho, kwa vile vilele vyote vile. Mimi nimechukua Jatiya Sangsad Bhaban, jengo la bunge la Bangladesh mjini Dhaka.

Nimeulizwa mbona sikuchukua la Dodoma ambalo watoto wengi washaliona kwenye televisheni. Sababu ni kwamba mabunge mengi ukishayaona uso umeyamaliza: ngazi pana, nguzo, kuba, bendera juu. Yamevaa nguo za kuazima, Roma hapa, London pale. La Dhaka halina nguzo ya Kirumi wala kuba wala saa. Lina kuta nene za zege zilizotobolewa matundu ya duara, pembetatu na mistatili, mengine yakipita ghorofa kadhaa, na limezungukwa na maji. Anayeliona mara ya kwanza hajui kama ni ngome au ni kiwanda cha umeme. Hata hivyo Wabangladeshi wamelifanya alama ya taifa lao, ilhali walioagiza lijengwe walikuwa watu wengine kabisa, wenye nia nyingine. Hapo ndipo paliponivuta.

Vipimo vya kuanzia: jengo ni mkusanyiko wa majengo tisa yaliyoshikana. Manane yako pembeni, kila moja lina kimo cha futi 110. La tisa, lenye pembe nane, liko katikati na linapanda hadi futi 155. Kwenye meza yangu hiyo ni sentimita 16.8 na 23.6. Kiwanja kizima cha ekari 200, pamoja na nyumba za wabunge za matofali mekundu, hakitaingia. Nitajenga jengo lenyewe, uwanja wa kusini na kipande cha ziwa.

19 Januari

Mbao zingoje kwanza. Nimeambiwa kibao cha maelezo nikiandike mwenyewe, maneno yasizidi 150, kwa hivyo nimekaa na historia.

Mwaka 1947 Pakistani ilizaliwa ikiwa vipande viwili, Magharibi na Mashariki, na katikati kilomita zaidi ya 1,600 za ardhi ya India. Watu wengi walikuwa Mashariki, kwa Wabengali. Jeshi, serikali na fedha vilikuwa Magharibi. Ugomvi haukuchelewa. Tarehe 21 Februari 1952 polisi waliwafyatulia risasi waandamanaji mjini Dhaka waliokuwa wakidai Kibengali kitambuliwe kuwa lugha ya taifa. Ndiyo maana leo dunia inaadhimisha Siku ya Lugha ya Mama tarehe hiyo. Mwaka 1958 Jenerali Ayub Khan akatwaa madaraka. Alipoamua kujenga mji mkuu mpya Islamabad, upande wa Magharibi, aliona Wabengali nao wapewe chao: Dhaka ingekuwa mji mkuu wa pili, na bunge lingeketi huko.

Nikisema waziwazi, lilikuwa jengo la kuwafunga watu mdomo. Mtawala wa kijeshi akiwajengea bunge watu aliowanyang'anya kura, hiyo ni rushwa ya zege.

Kazi alipewa nafasi ya kuifanya Muzharul Islam, msanifu majengo Mbengali, na angeweza kuishika akawa maarufu maishani. Akapendekeza aletwe bingwa wa dunia ili vijana wa nchi yake wajifunze. Le Corbusier na Alvar Aalto hawakupatikana. Mwaka 1962 ikaangukia kwa Louis Kahn, Mmarekani wa Philadelphia aliyezaliwa Estonia mwaka 1901 katika familia ya Kiyahudi. Nimefanya kazi na mafundi maisha yangu yote, na sijaona fundi aliyeachia kazi ya ukubwa huo kwa hiari yake. Muzharul Islam lazima awemo katika yale maneno 150.

28 Januari

Leo nimechora ramani ya chini kwa penseli na bikari kwenye karatasi kubwa, ukubwa uleule wa modeli. Ukiichora kwa mkono ndipo unaielewa.

Katikati kuna ukumbi wa bunge. Kuuzunguka kuna njia ndefu ya kutembelea, iliyo wazi kutoka chini hadi juu kabisa, na mwanga unaiingilia kutoka kwenye paa. Nje ya njia hiyo ndipo yalipo yale majengo manane: manne ya ofisi yamekaa kwenye pembe, na katikati yao, kwenye pande nne, kuna lango la kaskazini, mahali pa kulia, sebule ya mawaziri, na upande wa kusini, juu ya mlango mkuu, ukumbi wa sala. Mbunge akitoka ofisini kwake kwenda kupiga kura hana budi apite ile njia ya mzunguko, akutane na wenzake, awe wa chama chake au wa upinzani. Hakuna kichochoro cha kumtoroshea mtu.

Kijana wa karakana alinisimamia begani akitazama.

"Mwalimu, hii bunge ama jela?"

"Kwa nini jela?"

"Ukumbi hauna hata dirisha moja la nje."

Kaona kweli. Ukumbi hauna dirisha. Mwanga wote unaoufikia umegonga kwanza ukuta mmoja au miwili. Nimemwambia asubiri paa.

Sasa ule ukumbi wa sala. Kahn mwenyewe alisimulia kwamba waliomwagiza walitaka chumba cha sala cha futi za mraba 3,000 na kabati la kuwekea mikeka. Yeye akawachorea msikiti wa futi za mraba 30,000, mikeka itandikwe daima, na akaufanya ndio mlango. Kilichojengwa mwishowe ni kidogo kuliko hapo, lakini wazo lilibaki: anayeingia kutoka kusini anapita chini ya mahali pa sala. Ni mraba wenye minara minne minene ya duara kwenye pembe zake, minara mitupu ndani, kazi yake ni kushusha mwanga.

Halafu ramani inapinda. Jengo lote limepangwa sawasawa na dira, kaskazini kusini, mashariki magharibi, isipokuwa ukumbi huo mmoja, uliozungushwa nyuzi chache. Kutoka Dhaka, Makka iko magharibi ikielemea kidogo kaskazini, na kibla hakisogezwi kwa ajili ya ulinganifu wa msanifu. Sisi Mombasa tuna bahati: tuko karibu kabisa na mstari mmoja na Makka, ukielekea kaskazini umeelekea. Msanifu hapa angeweza kujenga msikiti na bunge kwa rula moja. Kule Kahn aliuacha mpindo uonekane wazi. Angeweza kuuficha ndani ya ukuta mnene na hakuna ambaye angejua.

Wapo wanaohoji iwapo taifa lililokuja kuandika kutofungamana na dini katika katiba yake ya mwaka 1972 lilipaswa kuingia bungeni kwa kupitia msikitini. Ni swali la haki. Ila jengo lilichorwa kwa ajili ya Pakistani, nchi iliyoundwa kwa misingi ya dini.

6 Februari

Vifaa. Kadibodi nene nimeiacha. Joto na unyevu wa pwani unaipinda kabla gundi haijakauka. Nimehamia plaiwudi ya milimita tatu, tabaka mbili zikiachana kidogo, kwa sababu kuta zenyewe za Dhaka ni mbilimbili. Ukuta wa nje una yale matundu makubwa na hauna kioo. Nyuma yake kuna nafasi, kisha ndio ukuta wa ndani wenye madirisha. Jua la Bengali na mvua ya msimu vinapigwa na ukuta wa kwanza, upepo unapita katikati, na mtu aliye ofisini anaona anga bila kuchomwa macho. Kahn alisema anataka kuyazungushia majengo magofu, na ndicho alichokifanya.

Mtu wa Pwani haelezwi sana hapo. Upepo ule wa kusi uliozisukuma jahazi zetu kwenda kaskazini ndio huohuo unaokwenda kumwaga mvua Bengali.

Matundu ya duara yamenipa shughuli. Msumeno mdogo wa mkono unakata vizuri kwenye mstari lakini kwenye duara unachana kingo. Fundi wa makuti jirani yangu kanishauri nipake gundi nyembamba juu ya mstari kabla ya kukata, ikauke, halafu nikate. Kingo zimetoka safi, msasa kidogo tu.

15 Februari

Mistari myeupe. Hii ndiyo sehemu niliyokuwa nikiingoja.

Ukitazama picha za jengo utaona zege la kijivu limekatwa na mistari ya marumaru nyeupe, mlalo baada ya mlalo, kuanzia chini mpaka juu. Wengi hudhani ni pambo. Asili yake ni kazi ya siku. Mafundi wa Dhaka walikuwa wakimwaga zege futi tano kwa kwenda juu, kisha wanasimama. Zege la jana na la leo halishikani bila kuacha kovu, na wafanyakazi wengi hawakuwa na uzoefu wa zege la wazi lisilopigwa plasta. Kahn hakujaribu kuficha kovu. Aliacha nafasi kila futi tano, na ndani yake ukapachikwa ukanda wa marumaru wa inchi sita. Ukuta wa futi 110 una hatua 22 za namna hiyo.

Nimemwonyesha picha mzee mmoja aliyejenga nusu ya maghorofa ya mtaa wetu. Kazi yake aliianza kwa kubeba karai.

"Shikamoo mzee. Hebu tazama hii kazi."

"Marahaba." Akaishika simu mbali na macho, akaisogeza tena karibu. "Hapa walilala. Na hapa walilala. Na hapa." Kidole chake kinapanda mstari kwa mstari. "Huyu msanifu anawajua mafundi. Sisi tukilala, mwenye nyumba anatukata pesa halafu anatuambia tupige plasta."

Picha nyingine alizozipenda ni za ujenzi wenyewe: jukwaa la mianzi limelizunguka jengo zima, na wanaume kwa wanawake wamepanga foleni kwenye ngazi za mianzi, karai za zege kichwani. Jengo ambalo vitabu vya usanifu vinalisifu kama kazi ya mtu mmoja lilipanda kwa shingo za watu wale, na mistari ile ndiyo hesabu ya siku zao. Sijui bunge jingine lililoandika kazi ya vibarua usoni mwake namna hiyo.

Kwa skeli yangu futi tano ni milimita 7.6 na ukanda wa inchi sita haufiki hata milimita moja. Rangi nyeupe kwa brashi imekataa: mstari unavimba na kusinyaa. Karatasi nyeupe iliyokatwa vipande inabanduka. Dawa nimeipata kwa mama mmoja anayeshona kofia za vito. Uzi wake mweupe wa pamba, uliopitishwa kwenye nta, una unene ninaoutaka. Nakwaruza mfereji kwenye plaiwudi kwa ncha ya kisu na rula ya chuma, nausukumia uzi ndani kwa ukucha, naufunga kwa gundi kwenye pembe, navuta taratibu hadi pembe ya pili. Ukivuta sana unaruka nje. Ukilegeza unatambaa. Ukishakaa sawa, ukuta wa mbao unageuka kuwa Dhaka mbele ya macho yako.

Mama wa kofia kanitoza bei ya jamaa na kuniuliza ni nyumba ya nani. Nimemwambia ya wabunge. "Basi shona vizuri," kasema, "watakaa humo hawatoki."

24 Februari

Kuta za majengo yote manane zimesimama. Wakati gundi inakauka nimerudi kwenye historia, kwa sababu inafika pabaya.

Ujenzi ulianza mwaka 1964. Desemba 1970 Pakistani ikafanya uchaguzi mkuu, na chama cha Awami League cha Sheikh Mujibur Rahman kikashinda viti 160 kati ya 300 vilivyopigiwa kura, karibu vyote vya Mashariki. Kwa hesabu ya kawaida Mujib ndiye angekuwa waziri mkuu wa Pakistani nzima. Bunge lilipangiwa kukutana Dhaka tarehe 3 Machi 1971. Tarehe 1 Machi Jenerali Yahya Khan akaliahirisha. Usiku wa tarehe 25 Machi jeshi likaingia mitaani. Vita viliendelea hadi tarehe 16 Desemba, jeshi la Pakistani lilipojisalimisha Dhaka, na Bangladesh ikawa nchi.

Kwa hiyo bunge lililokuwa likijengewa nyumba ndilo lililonyimwa kikao, na kukataliwa kwa kikao kukaivunja nchi. Wakati huo jengo lilikuwa kuta tupu, halina paa. Ipo hadithi inayosimuliwa sana kwamba marubani wa kivita hawakulipiga bomu kwa kudhani ni gofu la kale. Siwezi kuiapia, na kwenye kibao siiweki, lakini naelewa kwa nini watu wanaipenda: jengo lile hata leo linafanana na kitu kilichokuwapo kabla ya serikali zote.

Serikali mpya ingeweza kuliacha. Nchi ilikuwa imechoka, watu wana njaa, na jengo lilikuwa kumbukumbu ya Ayub Khan. Hata mtaa wenyewe uliitwa Ayub Nagar. Walichobadili ni jina. Mtaa ukawa Sher-e-Bangla Nagar, kwa heshima ya A. K. Fazlul Huq, mwanasiasa Mbengali aliyeitwa Simba-marara wa Bengali. Mkataba na Kahn ukafufuliwa, kazi ikaendelea.

Kahn hakuliona limekamilika. Tarehe 17 Machi 1974 alianguka kwa moyo katika kituo cha treni cha Penn Station, New York, akitoka safari ya India, akiwa na miaka 73 na ofisi iliyojaa madeni. Wenzake chini ya David Wisdom ndio waliomalizia.

Na bunge la Bangladesh lenyewe? Hadi hapo lilikuwa likikutana katika jengo la zamani huko Tejgaon. Mujib alileta mfumo wa chama kimoja mwaka 1975, akauawa Agosti mwaka huohuo. Ziaur Rahman, rais mwanajeshi aliyefuata baadaye, akauawa Mei 1981. Jengo jipya likafunguliwa Januari 1982 na kikao cha kwanza kikaanza tarehe 15 Februari. Tarehe 24 Machi, kabla hata miezi miwili haijatimia, Jenerali Ershad akapindua serikali na bunge likavunjwa.

Nilipoisoma sehemu hiyo kijana wangu alicheka mpaka akaweka msasa chini. Miaka kumi na minane ya kubeba karai, halafu kikao cha wiki chache.

5 Machi

Paa. Ndilo lililomsumbua Kahn kuliko sehemu zote. Kuta zilikuwa zikipanda nalo bado halijapata umbo. Suluhisho lilikuwa mwavuli wa zege, ganda jembamba lililopinda, linalogusa kuta pahali pachache tu na kuacha nafasi kwenye kingo. Mwanga unaingia kwenye nafasi hizo, unagonga ukuta, ndipo unashuka ukumbini kwa wabunge.

Mbao haipindi hivyo. Nimetumia vipande vya magazeti na gundi ya ngano juu ya bakuli la plastiki lililopakwa mafuta, tabaka juu ya tabaka, kisha nikapaka rangi ya kijivu iliyochanganywa na vumbi la msasa ili isiwake. Ganda likauke kivulini, juani linapasuka.

Jioni tumefunga madirisha ya karakana, nikaweka ganda mahali pake, nikamulika tochi ya simu kutoka juu. Kijana aliweka jicho kwenye tundu la mlango wa kusini. Akanyamaza, akaniita nije nami nione. Mwanga ulikuwa umetanda kwenye kuta za ukumbi kama maziwa, na balbu haionekani popote. Lile swali lake la jela hajalirudia.

Kahn alipotembelea Dhaka mara ya kwanza mwaka 1963 aliondoka na fikra kwamba kukutana watu kwa ajili ya kutunga sheria kuna kitu cha ibada ndani yake, na ndipo akausogeza msikiti karibu na bunge. Maneno ya namna hiyo huwa siyaamini kwa urahisi. Wabunge ninaowajua hawana ibada kubwa wanapopitisha posho. Lakini kitendo cha kumnyima mbunge dirisha, asione gari lake wala foleni ya wapambe nje, na kumpa mwanga usioonyesha saa, hicho nakielewa. Ukumbi una viti 354 vya wabunge. Leo wabunge ni 350, 300 wa majimbo na 50 wanawake wa viti maalumu. Vimebaki vinne.

11 Machi

Maji. Ziwa nimelitengeneza kwa kipande cha kioo kilichopakwa rangi ya kijani kwa chini.

Ziwa la Dhaka si la mapambo peke yake. Nchi ile ni delta ya Padma, Jamuna na Meghna, tambarare, mafuriko kila mwaka, mawe hakuna. Mkulima akitaka kujenga nyumba anachimba bwawa, na udongo anaoutoa anaufanya tuta la kujengea. Bwawa linampa samaki na maji, tuta linamweka juu ya mafuriko. Bunge limejengwa kwa akili hiyohiyo: ziwa linapokea maji ya mvua, jengo linasimama juu. Nadhani hili ndilo lililowafanya watu wa kawaida walizoee jengo la mgeni. Jiometri ni ya Kahn, lakini bwawa na tuta ni vya kwao. Hata nyumba za wabunge zilizoko kandokando zimejengwa kwa matofali ya udongo, kitu ambacho Bengali imekuwa ikichoma tangu enzi na enzi.

Kinachosemwa zaidi dhidi ya jengo ni kwamba linafanana na ngome na maji yake yanafanana na handaki. Sikatai. Ukiwa umesimama ng'ambo ya ziwa, wabunge wako mbali nawe.

17 Machi

Mgogoro na mwenye maonyesho, wa heshima lakini mgogoro. Kauliza: modeli inaonyesha jengo la mwaka gani?

Si swali dogo. Uwanja wa kusini, mpana, wa matofali mekundu, ulibuniwa uwe wa watu, na kwa miaka mingi familia za Dhaka zilikuwa zikija jioni kupunga upepo na watoto wakikimbia kwenye ngazi. Baadaye ukawekwa uzio wa chuma kwa sababu za usalama. Upande wa kaskazini, ng'ambo ya ziwa lenye umbo la mwezi mwandamo, lipo kaburi la Ziaur Rahman, ambalo halikuwamo katika ramani ya Kahn, na wafuasi na wapinzani wake wamelibishania miaka mingi. Michoro ya asili nayo imetumika kwenye siasa: mwaka 2016 serikali iliagiza nakala zake kutoka Chuo Kikuu cha Pennsylvania, na mjadala ukawa ni vitu gani vilivyoongezwa viondolewe.

Mwenye maonyesho anataka jengo safi, kama lilivyochorwa. Mimi nataka uzio uwepo.

Sababu yangu ni mwaka 2024. Tarehe 25 Juni sisi wenyewe tuliona vijana wakiingia Bunge la Nairobi kwa sababu ya Mswada wa Fedha, sehemu ya jengo ikaungua, watu wakafa. Wiki sita baadaye, tarehe 5 Agosti, Waziri Mkuu Sheikh Hasina alikimbia Dhaka baada ya wiki kadhaa za maandamano yaliyoua mamia ya watu, na umati ukavuka uzio, ukaingia hadi ukumbini. Watu walikaa kwenye viti vya wabunge wakapiga picha. Vitu viliibwa, vitu vilivunjwa. Kesho yake rais akalivunja bunge. Oktoba 2025 ulikuwa ni uwanja uleule wa kusini ambapo vyama vilikutana kutia saini hati ya mageuzi. Mtoto akiona modeli bila uzio atadhani umati uliingia kama wageni waalikwa.

Tumeafikiana: uzio nitautengeneza wa kuchomoka, kwa waya wa shaba uliopakwa rangi nyeusi, wenye miguu inayoingia kwenye vitundu vya uwanja. Kaburi litaonekana kwenye ramani ndogo ya ukutani, kwani liko nje ya ubao wangu.

26 Machi

Siku ya Uhuru ya Bangladesh, kwa bahati tu. Kibao cha maelezo kimekamilika: maneno 149. Muzharul Islam yumo. Vibarua wamo, na sentensi ya mistari myeupe imepewa nafasi kubwa kuliko ya Kahn. Ershad yumo kwa nusu sentensi. Tuzo ya Aga Khan ya Usanifu wa Majengo ya mwaka 1989 nimeitoa, ingawa jina hilo watoto wa Mombasa wangelifahamu kutoka hospitali na shule. Tuzo hazimsaidii mtu kuelewa ukuta.

Mzee wa karai kaja kukagua. Kahesabu nyuzi kwenye ukuta mmoja kwa kucha ya kidole, kafika 22, katikisa kichwa kwamba ni sawa. Kauliza modeli itauzwa shilingi ngapi. Nilipomtajia malipo akasema nimelala.

Kazi zilizobaki: kurekebisha mguu mmoja wa uzio unaocheza, kubandika swichi ya taa chini ya ubao ambapo mtoto wa miaka saba ataifikia, na kutafuta pikapu, kwa sababu ubao haupiti mlango wa tuktuk.